Maridhiano Yetu na Ndugu Osward Yapate Nguvu ya Mahakama

Mgeni rasmi, Mheshimiwa Hakimu Mkazi, Mwenyekiti wa Mtaa, wageni waalikwa, na wewe kaka yetu Osward, uliyetuletea turubai hili bila kudai kodi:

Sisi wanachama wa Umoja wa Wauza Maharage Mpemba tunakukaribisha kwa mioyo mikunjufu katika siku hii ya msaada wa kisheria. Yule kuku aliyefungwa mguu pale jikoni asikutie wasiwasi, Mheshimiwa. Tunajua hakimu hapokei kuku. Ana kazi yake, tutaieleza.

HISTORIA YETU

Tulianza hapa Mpemba kwa kupima maharage kwa kopo la sado kando ya barabara kuu. Leo tunashusha maharage ya Mbebe, kule milima ya Ileje, kwa lori la fuso, na mengi yanavuka kwenda Zambia. Mnunuzi wetu mkubwa ni huyu huyu Osward. Tumezikana naye, tumechezeana harusi. Msimu uliopita alichukua mzigo wote akatulipa kwa hundi, ya kwanza wengi wetu kuiona. Tuliipitisha mkono kwa mkono, tukapiga nayo picha. Benki wakairudisha. Akaunti ilikuwa tupu, maana mteja wake wa ng'ambo naye alikuwa anamzungusha.

MAFANIKIO

Hatukukimbilia polisi. Tulikwenda Vwawa kwa msuluhishi, Mama Jenista, akatukalisha na Osward mpaka tukaelewana: atalipa kila mwisho wa mwezi, deni liishe kabla ya mvua za kupandia. Tukasaini hati sote, naye akasaini.

Kisha tukafanya kama wazazi wetu wa milimani wanavyofanya watu wakipatana. Tulichinja kuku, tukala na Osward sahani moja. Na ile hundi tukaitia motoni, chini ya sufuria ya kuku huyo, kwa sababu waliopatana hawabaki na kitu cha ugomvi ndani ya nyumba. Usishike kichwa, Mheshimiwa. Mama Jenista alikwisha kukishika kwa niaba yako.

CHANGAMOTO

Osward alilipa mara ya kwanza, akanyamaza. Hakimbii. Tukimfuata anatupa soda, anawaulizia watoto, tunarudi tumecheka na mikono mitupu. Kumbana tunaona aibu, kwani tumekula naye.

Lakini Mama Tusekile hacheki. Ni mjane, na sehemu kubwa ya mzigo ule ilikuwa yake. Alipokosa fedha alikodisha shamba lake la Mbebe kama rehani ili watoto wale. Aliyelikodi amemwambia arudishiwe fedha yake kabla ya mvua, la sivyo atalima yeye msimu mwingine tena. Mawingu yameshaanza kukaa juu ya milima ya Ileje. Linatuuma sana jambo hili, na tunalisema mbele ya Osward kwa sababu tunampenda.

MAOMBI

Hatuombi Osward afungwe. Akifungwa, ni sisi tutakaompelekea chakula. Wala hatuombi uamuzi hapa chini ya turubai. Tunaomba utuonyeshe njia ya kusajili hati yetu ya maridhiano mahakamani, iwe na nguvu ya hukumu. Akikwama tena, mahakama ikaze hukumu hiyo kwa kukamata mali yake, sisi tubaki dada zake. Tunaomba pia kujua kama kuichoma hundi kumetuharibia, au hati inayoitaja inatosha.

Osward amesomewa risala hii kabla yako. Akasema: "Andikeni kwamba na mimi naomba. Mnanionea huruma mno, dada zangu, na huruma yenu ndiyo inanilegeza. Mahakama ikisema, lile gari langu nitaliuza niwalipe." Akatia sahihi chini ya zetu.

Sasa yule kuku. Ni wa Mama Tusekile, na amekataza asichinjwe leo. Anasema wa kwanza tulimla mapema mno. Huyu anarudi naye nyumbani, atachinjwa siku atakayoshika jembe katika shamba lake mwenyewe, na Osward atakaa pembeni yake kwenye sahani kama kawaida. Siku hiyo, Mheshimiwa, hutakuwa na shauri letu mezani. Njoo ule.

Mungu akulinde njiani, akupe afya na masikio ya kuendelea kutusikiliza.

Ni sisi,
Umoja wa Wauza Maharage Mpemba

Imesomwa na Ruti, katibu.
Nakubaliana nayo: Osward, mdaiwa na kaka yao.