Bogonko na Balbu za Uholanzi

Ijumaa hii, tarehe 28 Novemba 2025, Mzee Phelix Bogonko anastaafu baada ya miaka thelathini na mmoja ya kazi hapa Nyumba ya Wageni ya Tuiyobei, Kericho. Nimeandika sentensi hiyo mara kadhaa na bado siiamini. Mimi ndiye Nelvine wa mapokezi, niliyeolewa wiki tatu zilizopita, kwa hiyo mtanivumilia nikilia na kucheka katika ukurasa mmoja. Mume wangu (jameni, napenda sana kuandika maneno hayo!) ameniambia niandike tu kama ninavyoongea.

Mzee Bogonko alitoka Kisii mwaka 1994 akaanza kwa kuchuma chai. Siku moja gari la wageni lilikwama kwenye matope katikati ya shamba, na yeye akawachekesha wageni hao mpaka trekta lilipofika. Meneja wa wakati huo alimvua kikapu mgongoni akampa koti la kutembeza wageni. Tangu hapo, kazi yake imekuwa kuwaonyesha wageni majani mawili na kichipukizi, kuwapeleka kiwandani wanuse chai ikikauka, kisha kuwarudisha verandani wanywe. Na wakishakaa, kila mmoja wao, awe kijana wa mkoba au bibi wa mkongojo, huulizwa swali lilelile: "Na huko kwenu, kulitokea nini?"

Hivyo ndivyo historia ya Ulaya ilivyotufikia sisi. Saa ya chakula cha mchana, tukiwa na ugali na sukuma jikoni, Mzee Bogonko alikuwa anasoma kile tulichokiita taarifa ya habari. Nami nawaambieni, sijawahi kushtuka maishani kama nilivyoshtuka kwenye benchi lile! Bwana mmoja Mwingereza alimwambia kwamba Waingereza wenyewe waliwahi kutawaliwa na watu kutoka Italia, karibu miaka mia nne, wakajengewa barabara na kutozwa kodi. Waingereza! Quinter wa usafi aliweka kijiko chini. "Walitawaliwa? Hao hao?" Mzee akaapa kwa mikono miwili juu. Halafu akaja mama kutoka Ireland akasema kwao viazi viliwahi kuoza ardhini vyote, watu milioni moja wakafa na wengine wakapanda meli kuhama. Sisi ambao viazi tunaletewa kwa magunia kutoka Bomet tuliangalia sahani zetu.

Siwezi kudai kwamba kila kitu kilikuwa sawasawa. Vita vya Napoleoni, kwa mfano, vilitegemea nani yuko verandani. Wageni wakiwa Wafaransa, Napoleoni alikuwa shujaa aliyeangushwa na mvua. Wakiwa Waingereza, alikuwa mtu mfupi mwenye kelele aliyepata haki yake. Mzee Bogonko alizibeba habari zote mbili bila wasiwasi, akasema waliokuwepo ndio wanaojua.

Ile iliyonimaliza mimi ni ya mama kutoka Berlin. Mji wao ulipogawanywa kwa ukuta, dada yake aliolewa upande mmoja huku mama yao amebaki upande wa pili. Bibi harusi alisimama barabarani na gauni lake, akatazama juu ya ukuta, na kule mbali dirishani mama yake akapunga leso. Basi. Hiyo ndiyo iliyokuwa baraka ya mama. Siku ya harusi yangu, mama aliponikumbatia mlangoni, nilikumbuka leso ile nikaharibu poda yote usoni.

Sasa nifike kwenye jambo ambalo kila mtu Tuiyobei analijua, na ambalo Mzee Bogonko mwenyewe amenipa ruhusa kuliandika.

Yeye na mpishi wetu, Mzee Chepyegon, walikuwa marafiki tangu mwanzo. Nyumba zao katika laini, yaani safu za nyumba za wafanyakazi, zilitazamana. Kisha ikaja Januari ya 2008, baada ya uchaguzi, na watu waliotoka Kisii wakawa wanafukuzwa hapa. Jioni moja Mzee Bogonko, na mke wake na watoto, alibisha mlango wa Chepyegon. Ndani kulikuwa na taa. Mlango haukufunguliwa. Walipita katikati ya michai mpaka barabarani, na nyuma yao nyumba yao ikaungua na kila kitu, hata baiskeli aliyoinunua kwa mshahara wake wa kwanza. Mwisho wa mwaka huo alirudi kazini, peke yake, akachukua koti lake la kutembeza wageni. Lakini yeye na Chepyegon hawakusemezana tena.

Nilipoajiriwa mwaka 2016, nilijikuta nimekuwa daraja lao. Walikuwa wanasimama hatua chache tu, jikoni humo humo, na mmoja ananiambia mimi: "Mwambie yule wa wageni chai iko tayari." Mwingine naye: "Mwambie yule wa sufuria nimesikia." Na taarifa ya habari ilipoanza, Chepyegon alitugeuzia mgongo akawa anakoroga sufuria ambayo mara nyingine haikuwa na kitu.

Mwaka uliofuata akaja Mama Geertje, Mholanzi wa miaka themanini, mwenye viatu vya kupanda mlima. Mzee Bogonko alimuuliza swali lake. Mchana alikuja jikoni uso umebadilika. Akasema: huyu mama alipokuwa mtoto, Wajerumani walikuwa wameiteka nchi yao, wakazuia chakula kuingia mijini, na majira yote ya baridi watu walikufa kwa njaa. Mwishowe, akasema kwa sauti ya chini, Waholanzi walikula balbu.

Hakuna aliyetafuna.

Na hapo, kutoka kwenye jiko, Chepyegon aligeuka mzima mzima, mwiko mkononi, akamtazama Bogonko usoni.

"Palpu?" akauliza, kwa ulimi wake ambao hugeuza b kuwa p akiguswa na jambo. "Palpu ya stima?"

"Ya stima," akasema Bogonko. "Ndivyo alivyosema."

"Na kioo? Kioo walifanyia nini?"

"Sijui, bwana! Sikuuliza!"

"Wewe Bogonko, mtu anakwambia amekula kioo na wewe huulizi? Kwenda uulize!"

Jamani. Miaka tisa! Sikupitishiwa hata neno moja. Quinter alinifinya mkono mpaka ukaacha alama. Nadhani wenyewe hawakugundua mpaka walipokuwa wameshafika verandani, wote wawili wamesimama mbele ya Mama Geertje kama watoto wa shule, wakimuuliza kuhusu kioo.

Mama Geertje alicheka mpaka akavua miwani. Kisha akashuka bustanini, akachimbua ua moja, akalipangusa udongo, na kuonyesha kile kitunguu kilicho chini ya shina. Kumbe kwa Kiingereza hicho nacho kinaitwa hivyo hivyo! Walikuwa wanakichemsha kama viazi, akasema, na kilikuwa kichungu. Chepyegon alikipokea. Mtu aliyelisha watu maisha yake yote alikigeuza geuza mkononi, na kicheko alichokuja nacho kikafutika usoni polepole.

"Ni nani alifunga chakula?" akauliza, na Bogonko akatafsiri.

"Jirani zetu," akasema yule mama.

Bogonko hakuwa na haja ya kulitafsiri hilo. Mzee Chepyegon aliinamisha kichwa. Kisha akauliza kama bado wanasalimiana na hao jirani. Mama Geertje akasema ndiyo, na tena binti yake ameolewa na Mjerumani. (Hapo mimi nilishika moyo!) Kijana alipoletwa nyumbani mara ya kwanza, hakuna aliyejua aanzie wapi. Wajerumani walikuwa wamechukua baiskeli nyingi sana wakati wa vita, ikiwemo ya baba mkwe wa Mama Geertje. Basi mume wake akamtazama kijana pale mlangoni, akamuuliza: "Umeniletea baiskeli ya baba yangu?" Kijana akawa mwekundu. Kisha wote wakacheka, akakaribishwa ndani.

Wiki ikapita, wazee wetu wakisemezana maneno ya kazi tu. Halafu asubuhi moja Mzee Bogonko alisimama kwenye mlango wa jikoni, koti limefungwa vifungo vyote, akasema kwa sauti ya kutosha wote tusikie:

"Chepyegon. Baiskeli yangu iko wapi?"

Nilidhani jiko limezimika. Chepyegon aliacha unga. Alicheka, kicheko kile kikageuka kitu kingine, akajifuta macho kwa kiwiko, akatuambia ni vitunguu. Siku hiyo tulikuwa tunapika chapati.

Tangu hapo wanakula sahani moja. Mke wa Mzee Bogonko alirudi Tuiyobei mwaka uliofuata. Na kwenye harusi yangu wazee hawa wawili ndio waliomimina chai, wakigombana kwa sauti mbele ya wakwe kuhusu nani anamwaga maziwa mengi. Sijawahi kuona kitu kitamu hivyo, ukimwacha bwana harusi.

Mzee Bogonko, wageni wataendelea kuja, lakini sijui nani atawauliza swali lako. Asante kwa Ulaya yote uliyotuletea kwenye benchi letu, pamoja na sehemu ulizokosea. Uende Kisii ukalale hadi jua likupate kitandani, mama watoto akupikie unachotaka, na wajukuu wakuombe taarifa ya habari kila mchana.

Tulipompa zawadi jana, kila mtu alitoa hotuba. Mzee Chepyegon hakutaka. Alimshika tu mkono kwa muda mrefu, na sisi tuliokuwa karibu tulisikia alichosema: "Ukija Kericho, usipishe mlango kwangu. Sukuma, uingie."

Nasi wote wa Tuiyobei tunakuambia vivyo hivyo, Mzee wetu. Ukija, usibishe.

Nelvine, Mapokezi