Fundi Gavril Apandishwa Jukwaani

Benchi la mbele ya duka la Agop Mwarmenia, pale mjini Iași, Moldova, lilikuwa na wenyewe. Kila asubuhi ungemkuta Neculai kinyozi, aliyeitwa Daktari kwa sababu aling'oa na meno. Sandu, karani mstaafu wa forodha, aliyeitwa Mpaka. Na Gavril fundi viatu, aliyeitwa Kengele, maana akianza kusema hazimiki. Lakini wiki ile Kengele alikuwa kimya. Alikunywa kahawa yake huku moyo umemjaa uchungu.

Aliyemjaza ni Bwana Iorgu Talpan. Mji mzima ulimjua: mtoto wa kabaila mdogo wa mtaa ule ule, aliyepelekwa Paris kusomea sheria akarudi na mashairi, akakimbia nchi mwaka wa mapinduzi, 1848. Moldova na jirani yake Wallachia zilipoungana kuwa nchi moja, akatumwa kubisha hodi kwa wafalme wa Ulaya, waitambue nchi mpya. Sasa alikuwa ameacha ubalozi, anatunga michezo ya kuigiza. Mchezo wa juzi ulikuwa na fundi viatu muongo, mropokaji, watu wakamcheka hadi machozi. Gavril, aliyevua kamba mtoni na Iorgu utotoni, alikaa ukumbini akisikia maneno yake mwenyewe yakitoka kinywani mwa mtu mwingine. Akaondoka kabla ya pazia kufungwa.

Daktari alisema ni Paris tu, Paris humsahaulisha mtu kwao. Mpaka akakataa katakata.

— Ile ni siasa, bwana. Fundi ni Austria. Viatu ni mto Danube.

— Na mke wa fundi? akauliza Agop kutoka dukani.

— Sultani.

— Mbona anakohoa kila akiingia? akauliza tena Agop.

— Hicho kikohozi ndiyo Urusi yenyewe, akajibu Daktari, aliyekwisha kuhama upande.

Gavril hakucheka. Alisema polepole kwamba mtu akikudharau, heri akudharau kwa jina lako, si kwa jina la Austria.

Hapo akatokea mgeni mmoja mnene, kofia mkononi. Alisema yeye ni mwigizaji, ametoka Bucharest. Mchezo unahamia huko naye ndiye atakayekuwa fundi. Mtunzi amemwelekeza kwenye benchi hili.

— Bwana Talpan kaniambia mazungumzo yalipokwama London, aliwasimulia mawaziri visa vya fundi wa kwao. Wakacheka, kazi ikaendelea. Anasema hakuwahi kusafiri bila yule mtu. Ni yupi kati yenu?

Mpaka akakohoa, akasema huenda ni yeye. Daktari naye akakumbuka ghafla kwamba aliwahi kushona kiatu. Gavril aliweka kikombe chini.

— Kaeni chini nyote. Ni mimi.

Akamsogezea mgeni nafasi, akaanza. Alisimulia jinsi yeye na Iorgu walivyotia kamba wa mtoni ndani ya viatu vya askofu, na askofu alivyovivaa katikati ya maandamano. Kwenye kikombe cha pili kamba walijaa kapu zima. Kwenye cha tatu askofu aliruka ua, shemasi akaanguka kifudifudi akidhani ameona muujiza. Daktari alinong'ona kwamba humo kamba si wa mtoni peke yao. Mgeni aliiga kila mkono, kila jicho, hata Agop akaja mlangoni kutazama Kengele wawili.

— Na haya yalitokea kweli? akauliza mgeni.

Daktari alimtazama Mpaka. Mpaka akamtazama Agop. Gavril aliwakumbuka kamba, na viatu pia. Lakini askofu kuruka ua, je, yeye ndiye aliyemwambia Iorgu, au Iorgu ndiye aliyemwambia yeye? Alijaribu kukumbuka, akashindwa, na kicheko kikamtoka tumboni kwa nguvu hata benchi zima likatikisika, na mgeni akatikisika nalo.