Picha Iliyomwamsha Bwana Maundu

Baada ya miaka ishirini na minane katika Mradi wa Maji wa Kyandili, Bwana Bartholomew Maundu anastaafu tarehe 31 Desemba 2006. Aliajiriwa 1978 kuwasha pampu saa kumi na moja alfajiri, maji yapande tangini kabla watu hawajaamka. Ukiitazama ni kazi ndogo, lakini yeye akilala, kilima kizima kinaamka na kiu.

Na alikuwa analala, tusifiche. Mwenyewe ametuambia tuandike. Pombe ilikuwa imemshika. Mwaka 1990 meneja wetu wa wakati huo, Bi. Faiza Othman, alimpa onyo la mwisho pamoja na picha ya akina mama wamepanga mitungi kwenye bomba kavu, mkewe Mukai akiwa wa mbele. Maundu akaibandika juu ya kitanda. Aibu ilimwamsha siku tatu. Ya nne ikamrudisha kilabuni, na kesho yake ni mlinzi aliyewasha pampu. Mtu akijiona hafai, hutenda kama asiyefaa.

Ndipo Mungu akampa akili. Alimwita Ismael wa studio apige picha bomba lile lile siku maji yanamwagika: Mukai amelowa mpaka kitambaa cha kichwa, anacheka. Hiyo ndiyo aliyobandika badala ya ile ya kwanza, upande anaolalia. Kila alfajiri ikawa sala, halafu picha, halafu pampu. Jioni aliibeba kwenye mfuko wa shati, maana jioni ndiyo ilikuwa mbaya.

Walevi walimtania: "Bwana Studio, leo hutupigi picha?" Siku moja miguu ilimfikisha mlangoni mwa kilabu, akaitoa ile picha mfukoni aitazame. Jeremiah, fundi wa viatu, akampokonya, akamwona mke wake mwenyewe amesimama nyuma ya Mukai. Aliweka kikombe chini akaenda nyumbani. Maundu naye akageuka.

Picha hiyo imefifia kwa moshi wa taa, hata Ismael ameisafisha upya mara tano. Maundu husema picha haiwashi pampu. Inakuonyesha tu ni nani anakungoja. Kwa miaka kumi na sita maji hayajachelewa, isipokuwa wakati wa mvua ya El Nino, na hiyo tunamwachia Mungu.

Bwana Maundu, asante kwa kila mtungi uliojaa. Tunakuombea afya, na asubuhi ndefu ambazo hakuna anayekungoja ila Mungu na Mukai.