Bodil na Mashavu Mekundu ya Villads

Baada ya miaka thelathini na minne ya kulea watoto katika chekechea yetu ya Egebakken, mjini Randers, Denmark, Bodil Krogsgaard anastaafu tarehe 30 Juni. Tumeshamuaga mara mbili na bado anaonekana jikoni.

Alianza na kundi la watoto wadogo, akakataa ukuu wa kituo kwa kuwa ungemfungia ofisini, na ndiye aliyetufundisha sote kuwalaza watoto usingizi wa mchana nje ndani ya vigari vyao vya kusukuma, theluji iwepo isiwepo. Kahawa yake ni chungu mno, na wazazi wanaochelewa kufuata watoto humwogopa kuliko watu wa kodi.

Februari moja Villads, mtoto wa miaka miwili, aliamka kigarini mashavu yamemwiva. Bodil akaona fahari. “Hiyo ndiyo baridi ya afya,” alimwambia Maiken, mlezi mwenzake, aliyekuwa na mimba ya miezi minne. Nusu saa baadaye alimvua Villads sweta la sufu, akakuta mikononi upele mwekundu uliotandaa kama lesi. Baridi haikufika huko. Ulikuwa ule ugonjwa wa virusi wa mashavu mekundu, ambao watoto huupita kama mafua, lakini unaweza kumdhuru aliye tumboni.

“Maiken, nimekosea. Vaa koti ukapimwe damu.”

“Mbona mimi mzima, mwenzangu? Na zamu je?”

“Zamu niachie mimi. Vaa koti.”

Vipimo vya kurudia vilionyesha ameambukizwa. Villads alikuwa amempigia chafya wiki nzima. Tangu hapo Maiken alikwenda kupimwa tumbo kila wiki, Bodil akiendesha gari. Aprili madaktari wakaona mtoto anapungukiwa damu, wakamwongezea humo humo tumboni. Siku hiyo Bodil alitukaripia sote, kesho yake akaomba radhi kwa keki. Alikuwa na hofu, nasi tulikuwa nayo.

Asta, binti wa Maiken, alizaliwa Julai, mnene, mwenye kelele. Sasa ana miaka tisa. Tulipanga mkuu wa kituo ndiye atoe maua kwenye sherehe, lakini Asta amekataa katakata. Anasema maua ni yake kuyatoa.

Bodil, asante, na tunakuombea siku ndefu zenye raha. Wengi wetu tungeona haya kujirudi mbele ya wenzetu. Wewe hukuona haya, na Asta yupo.