Mama Popo na Ripoti ya Machimbo

Ndugu waombolezaji, kwa niaba ya familia naomba mnivumilie niwasomee maisha ya dada yetu, ambaye wengi mlimfahamu kama Mama Popo, jina la utani alilopewa na wanafunzi waliokuja kujifunza kwake maabarani, naye akalipokea bila kinyongo.

Marehemu alizaliwa tarehe 14 Machi 1958, mtoto wa tatu kati ya sita wa muuza nyama na fundi cherehani, na akiwa na miaka kumi na miwili, pale buchani kwa baba, alimwuliza mkaguzi wa nyama kwa nini ini lenye madoa hutupwa, mkaguzi akamjibu, "Ukitaka kujua, soma," naye akasoma kweli, hadi akahitimu udaktari wa mifugo Novemba 1983.

Tarehe 2 Aprili 1984 aliajiriwa katika maabara ya magonjwa ya wanyama, akapewa chumba kisicho na dirisha na friji linalonguruma kama trekta, akaanza kuchunguza virusi vya popo vinavyoweza kuhamia kwa binadamu, kazi ya kuingia mapangoni na buti na barakoa, kuchukua mate na damu ya popo, kisha kumwachia aende zake.

Aliolewa tarehe 20 Desemba 1986 na mpima ardhi, shemeji yetu aliyeko hapa, wakajaliwa mabinti wawili, ambao hakuwakumbatia akitoka kazini mpaka aoge kwanza, hata walie vipi.

Mwaka 2003 aligundua kirusi kipya kwa popo wa machimbo yaliyoachwa, akaandika ripoti kushauri mabanda ya nguruwe yaliyo jirani yahamishwe, ripoti ikapokelewa, ikagongwa muhuri, ikafungiwa kabatini, na Juni 2006 homa ikazuka katika mabanda hayo, ikaua watu kumi na mmoja, akiwemo fundi wa maabara aliyefanya naye kazi miaka kumi na tisa, aliyekwenda kupima nguruwe kwa zamu ya marehemu, kwa kuwa siku hiyo binti mdogo wa dada yetu alikuwa amelazwa hospitalini.

Wakubwa walipokuja kuuliza ripoti iko wapi, wenzake walitarajia awaseme, lakini alijibu tu, "Kabati la pili, droo ya chini, na mabanda yahamishwe wiki hii," yakahamishwa, na homa ile haijarudi, ila uchovu wa mwaka ule haukumtoka, chai ikawa inapoa mbele yake, ukimsemesha anasema, "Nimechoka, mdogo wangu, lakini nani ataenda?" na Jumatatu anaenda, hadi alipostaafu tarehe 30 Juni 2018.

Agosti 2022 aligundulika kuwa na saratani ya kongosho, na kwa kuwa minong'ono imefika mlangoni kwetu, tunasema wazi kwamba hakuugua ugonjwa wa popo, alidai mwenyewe apimwe, akasoma majibu, akasema, "Popo wasisingiziwe." Wiki tatu za mwisho aliuguzwa na mjane wa yule fundi wa maabara, aliyekuja bila kuitwa, na alifariki Jumanne tarehe 7 Machi 2023, saa nne asubuhi.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, wafanyakazi wenzake, majirani waliokuja mapema, na waliosita kwanza wakaja baadaye, karibuni wote.

Dada, zamu yako imekwisha, lala sasa kwa amani.