Pipa Moja Pungufu: Miaka ya Mama Everlyne Adero Ghalani Nkende

Ijumaa hii, tarehe 28 Juni 2024, Mama Everlyne Adero anakabidhi funguo za Ghala la Kemikali la Nkende baada ya kulitumikia miaka thelathini kasoro siku mbili. Hizo siku mbili amedai mwenyewe zitajwe. Nilipoandika thelathini kamili, alichukua kalamu akasahihisha, kisha akaendelea kunywa chai yake peke yake pale dirishani.

Aliyepewa kazi ya kuandika wasifu huu ni mimi, Boke Mogesi, karani msaidizi wake tangu mwaka 2009. Wenzangu wote walikwepa, kila mmoja akisema hamjui vizuri. Wala hawakudanganya. Watu wamefanya kazi naye miaka kumi, ishirini, na hawajui hata anapenda samaki gani. Kwa taarifa yenu, anapenda ningu.

Mama Adero alizaliwa Shirati, akaolewa na mwalimu Oyoo, wakahamia Nkende. Aliajiriwa tarehe 1 Julai 1994, wakati rashi, yaani mbio za kukimbilia dhahabu, imepamba moto na kila kijana wa Tarime mwenye sururu amejiita mchimbaji. Ghala letu wakati ule liliuza chokaa, asidi na zebaki ya kunasia dhahabu. Zebaki ilikuja katika chupa za chuma ambazo ukubwa wake haukuzidi chupa ya chai, lakini aliyejaribu kuinua moja kwa mkono mmoja aliaibika mbele za watu. Kazi ya Mama Adero ilikuwa kuandika kilichoingia na kilichotoka. Mwaka 1999 mwalimu Oyoo alipata kazi Migori, ng'ambo ya mpaka, na huko akabaki moja kwa moja. Watoto wawili walimfuata baba yao kwa ajili ya shule. Sasa ni watu wazima, wako Kisumu, na hupiga simu Jumapili baada ya ibada. Mama Adero hukaa na simu mapajani tangu saa nne asubuhi.

Mambo yalibadilika mwaka 2001 ghala lilipoanza kuleta sianidi. Kwa wageni wetu wa leo: sianidi ni kemikali nyeupe inayoyeyushwa katika maji ili kuvuta dhahabu iliyobaki kwenye marudio, yaani ule mchanga ambao wachimbaji wameshauosha mara ya kwanza. Ni sumu kali. Inatakiwa ikae mbali na nyumba na mbali na maji, kwa hiyo ghala likahamishiwa nyuma ya kilima, na mtunza ghala akajengewa chumba huko huko. Kwa miaka ishirini na mitatu jirani yake wa karibu amekuwa pipa. Nyumba inayofuata ni ya baba yangu, Mzee Mogesi, mwendo wa dakika kumi kwa miguu.

Huko nyuma ya kilima ndiko alikoanzisha chati yake, ambayo wengi wenu mmeiona ukutani mkadhani ni mapambo. Alibandika migongo ya kalenda kuukuu, akachora. Mstari mweusi ni mapipa ya sianidi yanayoingia nchi nzima, kwa takwimu zinazotufikia kila mwaka kutoka Dar es Salaam. Mstari mwekundu ni jumla ya yale yanayofika Nkende. Tangu alipoanza kuuchora, mstari mweusi umepanda kama mtu anayekwea mlima na mzigo kichwani: hatua, pumziko, hatua. Kila sianidi ilipopanda, zebaki ilishuka. Alituonyesha kwamba bei ya dhahabu ikiruka leo, mapipa huongezeka miezi mitano baadaye, maana meli ina mwendo wake na lori la kutoka Dar lina mwendo wake. Mitambo ya kuchenjua dhahabu kwenye marudio ilipoanza kuota huku kwetu kama uyoga, yeye alikuwa ameshaiona kwenye karatasi. Wachimbaji wakawa wanapita kumwuliza kama rashi inakuja au inaondoka. Waliuliza wakiwa wamesimama mbali na dirisha, lakini waliuliza.

Mwaka 2020 meli zilichelewa kwa sababu ya korona, na mstari mweusi ukaanguka. Sisi tulifurahia mapumziko. Yeye alisema marudio hayangojei meli, watu watarudi kwenye zebaki na kuichoma majikoni mwao, karibu na watoto. Alipanda bodaboda mpaka Mbalibali, akapita mtambo kwa mtambo akiwasihi. Aliporudi, macho mekundu kwa vumbi, nilimwuliza kama walimsikia. Alisema walimsikia vizuri, ila hakuna aliyemkaribisha kukaa.

Nimeambiwa wasifu wa mstaafu uwe mchangamfu, na ninajitahidi. Lakini kuna mstari wa tatu kwenye ile chati, wa bluu, na huo siwezi kuuruka.

Mwaka 2005 baba yangu alimwomba Mama Adero pipa tupu. Kwetu pipa la chuma ni mali. Asiye na pipa atachota maji kila siku ya Mungu. Wakati ule mapipa matupu hayakuhesabiwa: sianidi iliyoingia iliandikwa, lakini pipa lililoibeba halikuwa na habari kwenye daftari. Na Mama Adero alikuwa mpweke kule nyuma ya kilima, alitaka jirani. Aliosha pipa mara mbili kwa maji matupu, akalinusa, hakusikia kitu, akalivingirisha kwa mikono yake mpaka kwetu. Baba akalikata katikati kwa urefu, akapata hori mbili za kunyweshea mifugo. Sumu ilikuwa imeganda kwenye mshono. Siku ya tatu asubuhi ng'ombe wanne walianguka mbele ya mlango wa zizi, maji yakiwa bado nusu horini.

Walikuwa ng'ombe wa mahari yangu. Walikuwa wamefika wiki hiyo hiyo, na kwa desturi yetu Wakurya, ng'ombe wa dada ndio wanaomwoza kaka. Kaka yangu Nyamhanga alikuwa ameshapata mchumba. Alimkosa, akaenda kuishi mashimoni na wachimbaji, akaja kuoa baada ya miaka sita.

Mama Adero alikuja akapiga magoti uani. Alileta fidia, baba akaikataa. Alisema ng'ombe wanalipika, ila yeye anataka kila apitaye aone alichopewa na jirani. Zile hori mbili akazilaza kifudifudi kando ya lango, na hapo zikakaa miaka kumi na tisa. Njia ya kutoka ghalani kwenda barabarani inapita hapo hapo. Kila asubuhi Mama Adero alipita, akasema shikamoo, na kila asubuhi baba alitazama ng'ombe wake waliobaki bila kuitikia. Nilikuwa nikiona, nami nilipita zangu.

Tangu siku ile hajala sahani moja na mtu. Hakuna aliyemkataza. Alijitenga mwenyewe, akisema mikono yake ina kazi ya sumu. Kwenye misiba, kwenye sherehe za ofisi, beseni la kunawia likipita anageukia pembeni, anatoa kijiko chake mkobani, anakwenda kona yake. Sisi tukamfanyia utani: Mjaluo gani huyu anayekula ugali kwa kijiko? Alicheka pamoja nasi. Na mimi nilicheka, tena kwa sauti, na leo naona haya.

Mstari wa bluu ulianza baada ya wale ng'ombe. Ni hesabu ya mapipa matupu yaliyorudi ghalani, yakasafishwa kwa dawa yake, yakatobolewa na kubondwa yasitumike tena. Alijiapiza kwamba mwekundu na wa bluu itakutana kabla hajastaafu, na akiondoka ikiwa haijakutana atajihesabu hakumaliza kazi. Kulikuwa na mapipa arobaini na moja yaliyotawanyika tangu 2001. Aliyatafuta Tarime na Serengeti nzima, siku zake za likizo, akiwa na mapipa mapya ya plastiki ya kubadilishana. Ikoma alilikuta moja likikinga maji ya mvua, akayamwaga mbele ya mwenye nyumba kabla hajasalimia, na nusura apigwe. Mbalibali kulikuwa na bibi mmoja, Agustina, aliyekuwa amelipindua la kwake akalifanya kiti cha kupepetea mtama. Bibi akasema kiti chake hakibadilishwi hivi hivi, mgeni apepete kwanza. Mama Adero alipepeta mpaka jua likazama, akarudi na pipa na mafua ya wiki mbili.

Mimi niliomba kazi hapa mwaka 2009 ili nimwone akiteseka kwa karibu. Huo ndio ukweli, na yeye anaujua. Alijua pia mimi ni binti wa nani, na ndiye aliyeniombea kwa meneja. Kila mzigo ulipofika aliingia yeye kwanza katika chumba cha mapipa, akanizuia nisivuke mlango mpaka ahakikishe hewa na sakafu. Miaka kumi na mitano, sijawahi kumtangulia mle ndani. Hasira yangu ilichoka yenyewe, nikabaki na kazi ya kumpenda bila kujua nianzie wapi.

Kufikia 2016 alikuwa amerudisha mapipa arobaini. Lililobaki lilikuwa moja, na kila mmoja wetu alijua liko kando ya lango la nani. Meneja wetu, Bwana Benedicto, kwa huruma tu, alishauri liandikwe limeliwa na kutu, mambo yaishe. Mama Adero alikataa. Kila Januari taarifa yake ilikwenda makao makuu na maneno yale yale chini ya ukurasa: pungufu, pipa moja. Kule walimcheka. Kila Januari mimi nilimwendea baba, naye kila Januari alibadilisha mazungumzo akaanza habari za mvua.

Mwezi huu sikumwomba chochote. Nilimwambia tu kwamba Mama Adero anarudi Shirati, na kuanzia Julai hatapita tena njia ile. Baba ana miaka themanini na tatu. Akaniuliza sasa nani atamwamkia asubuhi.

Alhamisi ya wiki iliyopita mkokoteni wa ng'ombe ulisimama nje ya ghala. Nyamhanga alikuwa anaswaga ng'ombe, juu zimelala zile hori mbili, nyekundu kwa kutu, na nyuma baba anatembea na fimbo yake. Hajawahi kufika hapa tangu ghala lijengwe. Mama Adero alitoka, akasimama mbali kama alivyozoea, akasema shikamoo. Baba akasema, "Marahaba, jirani."  Akageuza ng'ombe, wakaondoka.

Tulizisafisha, tukazibonda. Mama Adero akapanda juu ya kiti, akavuta mstari wa bluu mpaka ukagusa mwekundu. Nilidhani atalia au atacheka. Alifunika kalamu, akaushika ukuta kwa kiganja, akakaa hivyo muda mrefu. Kisha saa ya chakula ikafika, akatoa kijiko chake mkobani, akaenda kwenye kona yake. Niliumia kuliko siku ile ya ng'ombe.

Kwa hiyo, ndugu wageni, leo msiulize vijiko. Vyote ninavyo mimi, pamoja na cha mkobani mwake nilichokichukua jana alipokuwa anafunga madirisha. Mezani kuna ugali mmoja mkubwa, ningu wa Shirati, beseni moja la kunawia, na bakuli moja la maziwa ya mgando yaliyotoka katika zizi la Mzee Mogesi.

Mama Adero, asante kwa miaka thelathini kasoro siku mbili. Asante kwa kuingia kwanza. Nenda Shirati ukapumzike, simu na iite hata siku zisizo Jumapili, na nyumba yako isikose mgeni. Ila kabla ya safari, sogea mezani unawe. Baba ameshaketi, na amesema hatanawa kabla yako.