Sindano ya Pili: Maisha ya Bibi Miao Qiongxian wa Daping (1947–2024)

Ndugu, majirani, na nyote mliopanda mlima huu katika baridi hii, tunawashukuru. Kwa desturi wasifu husomwa na mtoto wa kwanza wa kiume, naye ni mume wangu, Lu Zhengkun. Jana alijaribu kuusoma jikoni, akafika kwenye tarehe ya kuzaliwa, akanirudishia karatasi. Hivyo nausoma mimi, Xu Jiaofen, mkwe wa marehemu, niliyekaa naye nyumba moja kwa miaka ishirini na saba. Yapo maneno ambayo sikuyapeleka kwa mchapaji. Hayo hamtayakuta kwenye karatasi zenu, nitayasema kwa mdomo.

Marehemu Bibi Miao Qiongxian alizaliwa tarehe 24 Oktoba 1947 katika kijiji cha Shiyakou, Xuanwei, jimbo la Yunnan, akiwa mtoto wa tatu kati ya saba wa mzee Miao Kaiwen na mkewe. Ilikuwa siku ya sakitu ya kwanza, umande unapoganda, ile ambayo kwetu visu hunolewa na mapaja ya nguruwe huanza kusuguliwa chumvi. Baba yake alikimbia kumpokea mtoto na mikono yake ikiwa bado nyeupe kwa chumvi, bibi mzaa baba akamfukuza akanawe. Marehemu alikuwa akijigamba kwamba yeye alionja chumvi kabla ya maziwa.

Alisoma miaka minne katika shule ya kijiji. Mwaka 1959 njaa ilipoingia, jiko la pamoja la kijiji lilifungwa kwanza, kisha darasa, na hakurudi tena. Alichobaki nacho ni kusoma namba na kuandika majina ya watu. Majina hayo aliyatumia maisha yake yote kwenye vifuniko vya chupa za kitoweo, na mwandiko wake haukukua hata kidogo tangu darasa la nne.

Kazi yake ilikuwa kilimo cha viazi na mahindi, kwanza katika kikosi cha uzalishaji cha kijiji, kisha, kuanzia mwaka 1982, katika shamba la nyumbani. Lakini hakuna aliyepanda mlima huu leo kwa sababu ya viazi vyake. Mmekuja kwa sababu ya pua yake. Baba yake alimwachia sindano ya mfupa wa ng'ombe, ndefu kama kidole cha kati, na kwa sindano hiyo alipima mapaja ya chumvi ya kijiji kizima kwa miaka arobaini na minne. Alichoma mara tatu: karibu na goti, kwenye kiungo cha nyonga, na kando ya mfupa wa kiuno. Kila alipoichomoa aliinusa mara moja tu, akaziba tundu kwa kipande cha mafuta, akatoa hukumu: hili liwe la kula, hili lisubiri mwaka mwingine, hili ni la kitoweo. Waliobisha walirudi baada ya miezi sita kumwomba radhi, na yeye hakuwa mtu wa kuwarahisishia kazi hiyo.

Kitoweo chenyewe alikipika mara moja kwa mwaka, katika mwezi wa kumi na mbili wa kalenda yetu, watoto wakiwa wanarudi kwa mwaka mpya. Paja lililokaa miaka miwili lilipikwa kwa mvuke, likakatwa vipande vidogo kama punje za mahindi, likakaangwa kwa moto mdogo pamoja na soya iliyovundikwa, pilipili kavu ya kutwanga, tangawizi na sukari guru. Hakumruhusu mtu kusema naye mpaka mafuta yawe mekundu na maangavu. Kila chupa ilifunikwa kwa mafuta kimo cha kidole kimoja. Mtoto akiondoka kwenda kazini mjini, aliondoka na chupa yake yenye jina lake, na haikupita miezi miwili simu ikalia: Mama, imekwisha, nitumie nyingine. Mama alilalamika kwamba amezaa walafi. Simu isipolia aliiangalia kama imeharibika.

Aliolewa tarehe 3 Februari 1968 na marehemu Lu Shaohua, seremala wa hapa Daping. Siku aliyokuja kuposa, binti alimletea sindano na kumwuliza paja la baba yake linanukiaje. Kijana akanusa, akafumba macho, akasema hajawahi kusikia harufu nzuri kama ile. Sindano ilikuwa imetoka kuoshwa, haijachoma kitu chochote. Binti akamwambia baba yake mbele ya wageni, "Ni mwongo. Lakini ni mwongo mwenye adabu. Nitaolewa naye." Waliishi pamoja miaka arobaini na moja, hadi mzee alipotutoka mwaka 2009. Walijaliwa watoto watatu: Zhengkun, Zhengfa na Qiaoyun.

Nilipoingia nyumba yake mwaka 1997, Mama alinipa sindano ninuse. Nilisema nasikia harufu ya nyama. Akanitazama kwa huruma, akasema, "Wewe mwana wa watu, pua yako ni ya kukalishia miwani." Na miwani sikuwa nayo.

Mwezi Machi 2016 aliteleza kwenye ngazi ya dari tunakotundika mapaja, akagonga kisogo. Alishonwa nyuzi nne, akarudi nyumbani jioni ile ile, akadai chakula. Tulimshukuru Mungu wa Mbinguni na babu zetu wote. Hatukujua kwamba tangu siku ile hakusikia tena harufu yoyote, wala ya moshi, wala ya mvua, wala ya tangawizi. Hakumwambia mtu.

Hapa ndipo yanapoanza yale ambayo hayajachapwa.

Januari 2017 alishusha paja la kitoweo. Majirani watatu walikuwa uani na mapaja yao, wakisubiri zamu. Mama alichoma karibu na goti, akanusa, akatikisa kichwa kuridhika. Akachoma kwenye kiungo cha nyonga, akanusa, akatikisa kichwa vilevile, kisha akanipa mimi sindano, jambo ambalo halikuwa desturi yake. Hata kwa pua yangu hii, nilijua. Ilinuka kama maji ya vyombo yaliyolala siku tatu. Paja lilikuwa limeoza kwenye mfupa.

"Vipi?" akauliza.

Majirani wananitazama. Yeye ananitazama. Nikasema, "Linanukia, Mama."

Nilijiambia nitakata sehemu mbovu kimyakimya. Lakini alisimama juu yangu tangu kisu cha kwanza hadi chupa ya mwisho, na sikuweza kufanya lolote ila kuongeza tangawizi. Zilitoka chupa kumi na nne. Zhengfa alichukua yake kwenda Kunming, Qiaoyun yake kwenda kiwandani Dongguan. Kila mmoja alimpigia Mama akasema ni kitamu kuliko cha mwaka jana. Mashemeji zangu, siwalaumu. Mlimwaga nyinyi, nami nilimwaga nyumbani, nyuma ya banda la nguruwe.

Mwezi Machi tulikuwa tukipanda viazi, mimi na yeye, mstari mmoja. Akasema bila kuinua kichwa, "Jiaofen, simu hazijalia."

"Zimelia, Mama. Zhengfa alipiga juzi."

"Alipiga kuuliza hali yangu. Hajaomba chupa. Hakuna aliyeomba." Akapanda viazi vingine vitatu. "Ilikuwa sindano ya ngapi?"

Nikasema, "Ya pili."

Mwisho wa mstari akaniambia kwamba tangu alipoanguka hasikii harufu yoyote. Halafu akasema nilipaswa kumwambia palepale. Nikamwuliza, mbele ya watu? Akasema ndiyo, mbele ya watu, angecheka tu. Sikuamini kwamba angecheka, na mpaka leo siamini. Lakini nilipaswa kumwambia.

Tangu hapo majirani walipoleta mapaja alisingizia mgongo. Nyumbani alinifanya mimi kuwa pua yake. Miaka sita nilichoma na kunusa, naye ananiuliza, "Unasikia nini? Usiniambie linanukia, hata hina inanukia." Nilijitahidi. Nilijifunza kulijua lililooza, lakini lililooza hata paka analijua. Lile la kula na lile la kusubiri sikuweza kuyatofautisha, na yeye hakuweza kunionyesha, maana alichokuwa akinionyesha hakukisikia tena. Tulisimama pale darini, mwenye ujuzi hana pua na mwenye pua hana ujuzi, tukitazama paja. Sikuwahi kujiona mnyonge namna ile. Kitoweo tulikipika kila mwaka, na hakuna simu iliyoomba chupa nyingine.

Agosti 2023 Mama alianza kuumwa tumbo na kupungua mwili. Tarehe 11 Septemba alipimwa katika hospitali moja mjini Qujing. Daktari alimwita mume wangu kwenye korido, akamwambia ni saratani ya kongosho na imeshapita hatua ya kupasuliwa. Watoto watatu wakakubaliana kwa simu kama wanavyokubaliana watoto wote wa kwetu: Mama aambiwe ni vidonda vya tumbo. Nami nikakubali. Tukabandua maandishi kwenye paketi za dawa. Tukacheka mezani. Mama akameza dawa za vidonda vya tumbo kwa utii ambao hakuwahi kuwa nao, na hilo tu lingetosha kutuambia kwamba anajua.

Tarehe 2 Desemba, mchana, nilimtoa uani aote jua. Nilikuwa namchana nywele. Akaniuliza taratibu, "Jiaofen. Sindano ya ngapi?"

Hakukuwa na paja lolote pale. Nilijua anauliza nini. Nikaliweka chanuo chini. Zhengkun mume wangu, Zhengfa, Qiaoyun, nisameheni, tulipatana na mimi nimevunja mapatano. Nilishaupita mlango huo mara moja nikiwa mwongo, nikashindwa kuupita mara ya pili. Nikasema, "Zote tatu, Mama."

 Akanipapasa mkono akasema, "Haya. Basi shusha paja, tupike wakati ningali naona."

Tulipika siku tatu baadaye. Zhengkun alimbeba na kiti chake hadi jikoni, akidhani ni hamu ya mgonjwa. Mama aliongoza kwa macho na masikio: geuza, punguza kuni, sikiliza mafuta yanavyosema, bado. Mwisho nikamtilia kidogo kwenye kijiko. Alikiviringisha mdomoni, akakimeza kwa shida. Hakusikia ladha, alisikia chumvi tu na ukali.

"Vipi?" akauliza.

"Chumvi imezidi, Mama. Na soya imeungua kidogo upande mmoja."

Akacheka. Huo ndio mcheko wake wa mwisho nilioushuhudia, na ulimuumiza mbavu. Akasema, "Ongeza sukari guru. Haitasaidia, lakini ongeza." Kisha akaomba kalamu, akaandika majina kwenye vifuniko kumi na vinane. Alipumzika kati ya jina na jina.

Bibi Miao Qiongxian aliaga dunia nyumbani kwake siku ya Jumatano, tarehe 17 Januari 2024, saa tatu asubuhi, akiwa na umri wa miaka sabini na sita. Tulikuwepo sote. Tulimshika mikono na miguu kana kwamba kushika kungemzuia, na hatukuwa na lingine la kufanya.

Ameacha watoto watatu, wakwe watatu, wajukuu watano, kitukuu mmoja, na wadogo zake wawili kule Shiyakou. Ameacha sindano moja ya mfupa, ambayo ameniachia mimi, na sijui kama nimeistahili. Majirani, mkileta mapaja nitawaambia nisikiacho, na nisipojua nitasema sijui.

Tukishuka, mtakuta kitoweo chake mezani, na wenye majina kwenye vifuniko watachukua chupa zao. Chumvi imezidi. Msimsifu kwa ajili yetu. Anayeona kimezidi chumvi aseme, na anayetaka chupa ya pili aombe hata kama hakipendi, kwa maana simu hiyo aliingoja miaka saba.

Udongo wa mlima huu umpokee, maumivu yamwachie, na apumzike ubavuni mwa mwongo wake mwenye adabu.